Uwanja namba 3: kisa cha wiki ya mvua katika mashindano ya tenisi ya udongo

Kuhusu kisa hiki

Kisa kinahusu mashindano ya tenisi ya kulipwa ya wanaume, ngazi ya Challenger, yaliyochezwa kwenye viwanja vya udongo mwekundu katika mji mmoja wa Ulaya ya kusini, majira ya kuchipua. Nilikuwa miongoni mwa waamuzi wa wiki hiyo. Mashindano yalipokwisha nilizungumza na msimamizi wa mashindano, refa aliyepanga ratiba pamoja naye, mtaalamu wa viungo, wachezaji kadhaa na fundi mkuu wa viwanja, kila mmoja kwa wakati wake. Wote waliridhia kisa kiandikwe kwa sharti kwamba wasitambulike. Kwa hiyo mji, klabu, mwaka na majina ya watu havimo, na alama za mechi sizitaji.

Nawaandikia wanaoandaa na kusimamia tenisi Afrika Mashariki, kwa kuwa viwanja vyetu vingi vya miaka mingi ni vya udongo na mvua zetu hazibishi hodi. Katika wiki hiyo mchezaji mmoja aliumia ilhali ajali yake ingeweza kuzuiwa na sentensi moja iliyokuwa imeshasemwa. Sentensi hiyo haikufika ilikotakiwa kufika.

Usuli

Kwa asiyeufahamu mfumo: juu kabisa kuna mashindano manne ya Grand Slam na ziara ya ATP (chama cha wachezaji wa kulipwa wa kiume) yenye ngazi za 1000, 500 na 250. Chini yake ndipo ilipo Challenger, iliyogawanywa katika 50, 75, 100, 125 na 175. Namba hizo ndizo pointi anazochukua bingwa. Chini zaidi kuna mashindano ya ITF (Shirikisho la Kimataifa la Tenisi), M25 na M15. Challenger ni mahali kijana anayepanda anapokutana na mkongwe anayepigania kubaki. Carlos Alcaraz alitwaa taji lake la kwanza la ngazi hii Trieste, Italia, mwaka 2020, kwenye udongo, akiwa na umri wa miaka 17.

Wengi wanaocheza hapa hawatafika alikofika Alcaraz. Wanajilipia ndege, wanagawana chumba cha hoteli, na wengi husafiri bila kocha. Anayetolewa raundi ya kwanza hurudi na fedha zisizotosha gharama za wiki. Kwao raundi moja zaidi ni kodi ya nyumba, na pointi chache zaidi ni tofauti kati ya kuingia na kutoingia kwenye mashindano yanayofuata.

Mashindano yetu yalikuwa ya ngazi ya 75. Muundo wake ndio wa kawaida: wachezaji 24 katika mechi za kufuzu, wakigombea nafasi 6, wachezaji 32 katika droo kuu, na jozi 16 katika mechi za wawili wawili. Ukijumlisha unapata mechi 64 za kuchezwa kati ya Jumapili na Jumapili. Hali ya hewa ikiwa nzuri, viwanja vinne vinatosha na nafasi inabaki. Ikipotea siku moja tu, kila saa inakuwa na mgombea wake.

Klabu ilikuwa na viwanja sita. Uwanja mkuu, wenye majukwaa, taa na kamera za kurusha mechi mubashara mtandaoni, ulikuwa sehemu ya juu, wazi kwa jua na upepo. Namba 1 na namba 2 vilifuata chini yake. Namba 3 ulikuwa bondeni kidogo, na upande wake wa kusini palikuwa na safu ya misonobari mirefu. Kule kusini ndiko jua linakopita, kwa hiyo nusu ya uwanja huo ilikaa kivulini karibu asubuhi nzima. Viwanja viwili vilivyobaki vilikuwa vya mazoezi. Turubai za kufunika uwanja mzima zilikuwa tatu, na watu wa kuzivuta walikuwa watano pamoja na fundi mkuu mwenyewe, mtu aliyezeeka pale klabuni na udongo wake.

Mfululizo wa matukio

*Jumatatu.* Upepo mkavu ulivuma tangu asubuhi. Vumbi jekundu la tofali iliyosagwa, lile linalotandazwa juu ya viwanja hivi, lilipeperuka, na wachezaji walilalamika kwamba wanateleza juu ya tabaka gumu la chini. Fundi mkuu aliomba mapumziko marefu kati ya mechi ili amwagilie maji ya kuingia ndani, si ya kulaza vumbi tu. Refa hakumpa. Utabiri ulisema mvua itanyesha Jumanne usiku, na kila mechi itakayomalizika kabla ya hapo ni akiba. Siku hiyo zilichezwa mechi 6 za mwisho za kufuzu na 6 za raundi ya kwanza.

Jioni fundi alifanya jambo ambalo halikuandikwa kwenye ripoti yoyote. Baada ya siku kavu namna ile, kawaida yake ni kumwaga maji mengi usiku. Safari hii alimwagilia kidogo, akaburuta wavu wa kusawazishia, kisha yeye na wenzake wakapitisha rola viwanja vyote sita mpaka giza likaingia. Nilipomuuliza sababu, alisema uwanja uliofungwa kwa rola hupeleka maji pembeni, na uliolegea huyanywa.

*Jumanne.* Mechi zilianza saa tano asubuhi kwenye viwanja vinne. Zilipangwa mechi 10 za raundi ya kwanza, zikifuatiwa na nne za wawili wawili. Udongo hurefusha mechi, na siku hiyo karibu kila mechi ilikwenda seti tatu. Mvua nayo haikungoja usiku. Saa kumi alasiri matone makubwa yalianza kudondoka. Mechi tano zilikuwa zimemalizika, nne zilikuwa zikiendelea, moja haikuwa imeanza. Mechi za wawili wawili hazikuguswa kabisa.

Msimamizi alisimamisha mchezo mara moja, na hapo hakukosea. Lililofuata ni uamuzi wa dakika chache uliokuja kutawala siku mbili nzima: wafunike viwanja gani? Watu watano, upepo unapiga, turubai la kufunika eneo la mita 36 kwa 18 likishaanza kushika maji halibebeki. Wangeweza viwanja viwili tu kabla udongo haujalowa. Meneja wa uendeshaji wa klabu alipaza sauti kutoka jukwaani kwamba waanze na uwanja mkuu. Ulifunikwa, kisha namba 1. Turubai la tatu lilibaki limekunjwa.

*Jumatano.* Mvua ilinyesha usiku kucha, ikakatika karibu saa sita mchana. Turubai ziliondolewa, na kufikia saa nane uwanja mkuu na namba 1 vilikuwa vinachezeka. Namba 2 ulikuwa na madimbwi machache ambayo vijana waliyakausha kwa sponji na mabrashi ya mpira. Namba 3 ulikuwa tope upande wa kusini, na nondo nyembamba ambayo fundi hupimia ugumu wa uwanja ilizama ndani yake pasipo kusukumwa.

Kabla ya saa nane palikuwa na uamuzi wa pili mkubwa wa kufanywa. Umbali wa dakika ishirini kwa gari kulikuwa na ukumbi wa ndani wenye viwanja viwili vigumu. Wapo waliotaka mechi zihamishiwe huko. Msimamizi aliwaita wachezaji, akawaeleza hali, akawasikiliza. Waliokuwa na mechi zilizokatika katikati waligawanyika: aliyekuwa anaongoza hakutaka kuhama, aliyekuwa nyuma alitaka, na mpigaji mwenye sevu (pigo la kuanzisha pointi) nzito alitaka zaidi ya wote. Wengine walisema hawakubeba viatu vya uwanja mgumu. Msimamizi akaamua wabaki kwenye udongo.

Mechi tano zilizosalia zilichezwa alasiri hiyo kwenye viwanja viwili, ya mwisho ikiishia chini ya taa za uwanja mkuu. Kabla ya jua kuzama, fundi mkuu alimwambia kijana msaidizi wa ofisi ya refa hali ya kila uwanja kwa ajili ya ratiba ya kesho. Namba 2 tayari asubuhi. Namba 3, kesho saa sita mchana, kabla ya hapo hapana. Kijana alikuwa na simu mkononi na wachezaji watatu wakimsubiri kuhusu magari ya hotelini. Alichokipeleka ofisini kilikuwa kifupi: viwanja vyote vitakuwa tayari kesho.

Usiku ule ratiba ilibandikwa: mechi zote 8 za raundi ya pili, viwanja vinne, kuanzia saa nne asubuhi, kisha mechi 8 za wawili wawili.

*Alhamisi.* Jua lilitoka na upepo ukavuma. Saa tatu refa na msimamizi walitembelea viwanja vyote, kama inavyotakiwa. Namba 3 ulikuwa umebadilika rangi na kuwa mwekundu hafifu wa udongo mkavu, umepigwa brashi, mistari imefagiliwa. Walitembea katikati, wakadundisha mpira karibu na wavu, wakaridhika. Fundi mkuu wakati huo alikuwa amepiga magoti namba 2, akigongomea upya mstari wa plastiki ulionyanyuliwa na maji. Alipoinua kichwa, wachezaji walikuwa tayari wanapasha misuli namba 3.

Ilikuwa gemu ya tano ya seti ya kwanza. Mmoja wa wachezaji alirudi nyuma kufuata mpira mrefu, akatua kwa mguu wa kulia hatua mbili nyuma ya mstari wa nyuma, upande wa misonobari. Ardhi ilibonyea. Kisigino kilizama, mwili ukaendelea, kifundo kikapinda. Mwamuzi wa kiti aliposhuka alikuta shimo la kina cha vidole viwili, na maji yakijikusanya ndani yake.

Mtaalamu wa viungo alitumia dakika tatu za matibabu kumfunga bandeji. Mchezaji akarudi, akacheza gemu mbili akichechemea, kisha akaenda kwenye wavu kumpa mkono mpinzani wake. Mpinzani naye hakufurahi. Aliuliza kwa sauti ni nani aliyesema uwanja huu uko tayari. Namba 3 ulifungwa hadi saa saba mchana.

*Ijumaa hadi Jumapili.* Hali ya hewa ilikuwa nzuri. Fainali ya wawili wawili, ambayo kwa kawaida huchezwa Jumamosi, ilisogezwa Jumapili asubuhi ili mtu yeyote asicheze mechi tatu siku moja. Fainali kuu ilichezwa saa yake.

Matokeo

Kwenye karatasi, wiki ile ilifaulu. Katika mechi 64, 62 zilichezwa hadi pointi ya mwisho, na bingwa alipatikana Jumapili kwenye udongo uleule mashindano yalipoanzia. Ripoti ya klabu ilisema hivyo, na ilisema kweli.

Mechi mbili zilizobaki zote ni za mtu mmoja. Ya kwanza ni ile aliyoiacha namba 3. Ya pili ni ya wawili wawili: alikuwa acheze alasiri hiyohiyo, akajitoa, na mwenzake aliyekuwa mzima kabisa akatoka naye bila kupiga mpira hata mmoja. Mchezaji huyo alikosa pia mashindano mawili yaliyofuata. Alikuwa amebakiza pointi chache kufikia kiwango cha kuingia mechi za kufuzu za Roland-Garros (Grand Slam ya udongo ya Paris), zenye nafasi 128, na hakuingia. Huenda asingeingia hata angekuwa mzima. Ila nafasi ya kujaribu ilikuwa haki yake, na ilipotea kwenye shimo la vidole viwili.

Klabu ilibadilisha mambo mawili kwa mwaka uliofuata. Karatasi ya ratiba ikaongezewa safu ya saa ambayo kila uwanja utakuwa tayari, ikijazwa na kutiwa saini na fundi mkuu mwenyewe. Na fundi akapewa kiti katika kikao cha jioni cha refa na msimamizi.

Uchambuzi

*Udongo unaoonekana na udongo unaobeba mtu.* Uwanja wa udongo mwekundu, namna unavyojengwa Ulaya, si udongo mtupu. Chini kuna mawe na kokoto za kupitisha maji, juu yake masalia ya makaa au mawe ya volkano, kisha tabaka la chokaa iliyosagwa na kushindiliwa lenye unene wa sentimita kadhaa. Tofali iliyosagwa, ile nyekundu tunayoiona kwenye televisheni, ni milimita moja au mbili tu juu ya yote. Nyekundu hiyo hukaushwa na upepo kwa saa moja au mbili. Chokaa iliyo chini yake hushika maji muda mrefu, na inapolowa sana hupoteza ugumu. Asubuhi ya Alhamisi namba 3 ulikuwa kama uji uliopoa juu: ngozi kavu, na chini yake bado uji.

Ndiyo maana ukaguzi wa saa tatu haukugundua kitu. Mtu anayetembea huweka uzito wake taratibu na uwanja unambeba. Mchezaji wa kilo themanini anayerudi nyuma kwa kasi na kutua kwa mguu mmoja ni mzigo mwingine kabisa, tena hutua sehemu ileile kila mara, hatua moja hadi tatu nyuma ya mstari. Hapo ndipo panapotakiwa kupimwa, na pande zote mbili, hasa ule wa kivuli. Katikati ya uwanja na karibu na wavu ndiko kunakochezwa kidogo zaidi kwenye udongo, na ndiko walikodundisha mpira. Fundi alikuwa akipima kwa kubonyeza kisigino kwa nguvu na kwa kuchoma nondo pembeni kidogo ya mistari. Kazi yote inachukua dakika mbili kwa uwanja.

*Turubai zilifunika heshima.* Nimemsikia mtu akisema kufunika uwanja mkuu kwanza ni jambo lisilohitaji mjadala: kamera ziko pale, wadhamini wako pale, mabango yako pale. Naielewa hoja hiyo, lakini sikubaliani nayo. Uwanja mkuu ulikuwa juu, wenye jua na upepo, na mifereji yake ilikuwa bora kuliko yote. Hata ungelala wazi ungekauka ndani ya saa chache baada ya mvua kukatika, hasa ukiwa umeshapigwa rola. Namba 3 ndio uliohitaji turubai, kwa sababu ndio usioweza kujikausha. Kufunika uwanja unaokauka wenyewe na kuacha wazi usiokauka ni kununua saa mbili na kuuza ishirini.

Fundi alilijua hili. Nilipomuuliza kwa nini hakusema, alijibu kwamba hakuulizwa, na kwamba sauti ilikuwa imeshatoka jukwaani. Kwenye mvua hakuna muda wa majadiliano, hilo ni kweli. Ndiyo sababu orodha ya viwanja vya kufunikwa, wa kwanza hadi wa mwisho, ilipaswa kuandaliwa Jumatatu jioni, anga ikiwa bado nyeupe, na anayeiandaa awe yule anayejua maji yanakokwenda.

*Saa sita iliyoanguka njiani.* Ni rahisi kumlaumu kijana aliyefupisha ujumbe. Mimi simlaumu. Alikuwa amepewa habari ya kiufundi kwa mdomo, huku ameshika kazi nyingine tatu, na hakuna aliyewahi kumwambia kwamba tofauti kati ya asubuhi na mchana ni kifundo cha mguu cha mtu. Kosa liko kwenye njia yenyewe. Habari iliyotoka kwa mtu anayejua zaidi ilipita kwa mtu anayejua kidogo zaidi ili iwafikie wenye uamuzi, ilhali wote watatu walikuwa ndani ya uzio mmoja. Refa alikaa mita mia moja kutoka kwa fundi jioni nzima.

Na hapa ndipo ninapoliona tatizo lenyewe. Kikao cha ratiba kilikuwa na msimamizi, refa, mwakilishi wa klabu na mtu wa matangazo. Kila mmoja alizungumzia kitu chake: sheria, muda, wadhamini, kamera. Kitu ambacho mashindano yote yalikuwa yamesimama juu yake, udongo, hakikuwa na msemaji. Fundi alichukuliwa kuwa mtu wa kupewa amri baada ya uamuzi, hakuwa mtu wa kutoa habari kabla yake.

*Kuhusu mchezaji kusema mwenyewe.* Kuna waliosema kwamba wachezaji wangeweza kulalamika wakati wa kupasha misuli. Hoja hii haina uzito kwangu. Mchezaji wa ngazi hii amelala akiwazia mechi moja. Amekuta uwanja umepigwa brashi, umekaguliwa, mwamuzi yuko kitini. Kuamua kama uwanja unafaa ni kazi ya refa na msimamizi, wala haifai kumhamishia mtu ambaye akisita anaonekana mwoga. Zaidi ya hayo, dakika tano za kupasha misuli hupita kwa mipira ya upole. Hakuna anayetua kwa nguvu nyuma ya mstari.

*Yaliyokwenda vizuri.* Uamuzi wa kutohamia ukumbini ulikuwa mzuri, tena ulikuwa mgumu. Mechi nne zilikuwa zimekatika katikati. Kumtoa mtu anayeongoza kwenye udongo na kumwambia amalizie kwenye uwanja mgumu ni kumpa mechi nyingine na mpinzani mwingine: mpira haupandi vilevile, mguu hautelezi, viatu ni vingine, na maungo yaliyozoea kuteleza wiki nzima hushtuka yanapokwama ghafla. Msimamizi alikuwa na utabiri wa siku tatu kavu mbele yake na hesabu ya mechi zilizobaki. Alihesabu akaona zinaenea. Laiti utabiri ungekuwa wa mvua ya siku mbili zaidi, ukumbi ungekuwa sahihi, na naamini angeuchukua.

Nalipongeza pia alivyozungumza na wachezaji. Aliwaita kabla ya kuamua, aliwaambia wazi kwamba uamuzi ni wake, kisha akaeleza sababu. Sikusikia mchezaji hata mmoja akinung'unika kuhusu ukumbi baada ya hapo. Alihakikisha vilevile kwamba muda wa kupumzika kati ya mechi unaheshimiwa: aliyecheza zaidi ya saa moja na nusu anapata saa moja na nusu ya kupumua kabla ya kuitwa tena. Katika wiki iliyobanwa, hilo ndilo jambo la kwanza kuibwa, na hapa halikuibwa.

Na lipo lile la rola ya Jumatatu usiku. Naamini ndilo lililookoa namba 2, ambao ulilala wazi chini ya mvua ileile na asubuhi ya Alhamisi ukachezewa salama. Hakuna aliyelipongeza kwa sababu hakuna aliyejua kwamba limefanyika. Laiti namba 2 nao ungepotea, mechi 16 za Alhamisi zisingeenea, na hadithi ya ukumbi ingerudi mezani.

Kwa viwanja vya kwetu

Tangu 2024, Kigali ilipoandaa wiki mbili mfululizo za Challenger kwenye udongo, jambo hili limetusogelea. Nairobi, Bujumbura na Dar es Salaam nako kuna viwanja vya udongo vilivyochezewa miaka mingi. Baadhi ya yaliyotokea kule Ulaya hayatafanana na ya kwetu. Jua la ikweta hukausha haraka kuliko la kule, na kivuli cha miti hakielekei upande mmoja mwaka mzima. Kwa upande mwingine, mvua ya masika huja kwa kishindo na inaweza kurudi kila alasiri kwa wiki nzima. Sehemu nyingi za Afrika viwanja vilijengwa kwa udongo wa kichuguu, ambao ukishindiliwa huwa mgumu na laini kama sakafu, lakini ni udongo wa chembe ndogo sana. Maji yakishaingia hayatoki upesi. Vipimo vya Ulaya vya saa za kukauka havifai kunakiliwa. Kila uwanja una saa zake, na anayezijua ni yule anayeulaza na kuuamsha.

Kigali iko juu ya mita 1,500 na Nairobi juu zaidi. Kuanzia mita 1,219 kanuni za ITF zina mipira maalumu ya miinuko, kwa kuwa hewa ni nyepesi na mpira wa kawaida hukimbia. Kwa mada yetu maana yake ni hii: wachezaji husimama nyuma zaidi ya mstari kupokea sevu. Eneo la kupima ugumu wa uwanja linapaswa kurudi nyuma pamoja nao, hadi karibu na uzio, ambako mara nyingi rola haifiki vizuri.

Linalonipa wasiwasi zaidi ni la watu. Katika klabu zetu nyingi mtunza viwanja alianza kama muokota mipira, akakulia pale, akaujua uwanja kuliko mwanachama yeyote. Huitwa kwa jina lake la kwanza hata na watoto wa wanachama. Hapewi kiti kwenye kikao, na akiulizwa uwanja ukoje hujibu anachodhani bosi anataka kusikia: utakuwa tayari, mzee. Kule Ulaya fundi alisema ukweli na ukapotea njiani. Kwetu kuna hatari ukweli usisemwe kabisa, kwa sababu anayeujua hajawahi kuona mwenzake akisema hapana kwa mkubwa na kazi yake ikabaki.

Kwa hiyo kwa yeyote anayeandaa mashindano ya udongo, hata yawe ya vijana ya wikendi moja, ningeomba afanye haya kabla ya mpira wa kwanza. Mtunza viwanja aandike, au amwandikishe mtu mbele yake, mpangilio wa viwanja vya kufunikwa mvua ikija, kuanzia unaochelewa kukauka. Apewe nondo na mamlaka ya kufunga uwanja, na mamlaka hayo yatangazwe mbele ya waamuzi wote na viongozi wa klabu, yeye akiwa amesimama pale. Jioni akae na refa, na saa ya kila uwanja ijazwe kwa mkono wake. Asubuhi ya baada ya mvua, refa akague pamoja naye na si peke yake, waanzie nyuma ya mistari. Na ratiba isibandikwe ukutani kabla saini yake haijawekwa.